Vyungu vya Kibarazani: Raundi ya Pili

Raundi ya kwanza imeharibika, niseme mapema. Vyungu vinne vya udongo, vya inchi 8, nilivipuliza rangi ya bluu mwezi wa tatu vikapendeza wiki tatu tu. Ya nne nikaona malengelenge kwenye kitako, ukubwa wa kunde. Nikabinya moja kwa kucha: likatoa tone la maji, na chini yake udongo umefanya ungaunga mweupe.

Ule unga ni chumvi. Nilikuwa nikilaumu mvua, kumbe maji yanatokea ndani. Kila nikimwagilia mshubiri, yanapenya ukuta wa chungu, yanabeba chumvi za udongo na mbolea, yakifika nje yanakuta rangi imefunga mlango. Yanaisukuma. Aliyebuni kopo la rangi ya kupuliza, Edward Seymour wa Marekani, mwaka 1949, alikuwa na rangi ya alumini ya kupaka vyuma, na chuma hakinywi maji. Udongo unakunywa. Mtu aliyekulia na mtungi wa maji ya baridi, uliotoka jasho mchana kutwa, hakupaswa kusahau hilo.

Jumamosi. Nimevikwangua kwa brashi ya waya, nikaviosha kwa maji na siki bila sabuni, nikapiga msasa. Kisha kazi ngumu kuliko zote: kusubiri. Dar mwezi wa tano hata nguo hazikauki. Nagubika chungu juu ya kipande cha kioo, naweka juani; kioo kikiota ukungu, bado. Kimoja kilikuwa bado hadi siku ya nne.

Alhamisi. Ndani kwanza, ndicho nilichoruka mwezi wa tatu. Vanishi ya kuzuia maji, mikono miwili (yaani tabaka mbili) kwa brashi, mpaka kwenye mdomo. Tundu la chini sijaligusa.

Jumapili. Praima, ile rangi ya msingi, halafu bluu. Nimetikisa kopo mpaka gololi ya ndani ikalia vizuri, nikaanza kupuliza pembeni ya chungu ndipo nikapita juu yake, umbali wa sentimita 25 hivi. Mikono mitatu myembamba. Mdogo wangu kapita: "Dada, unapaka rangi au unafukuza mbu?" Nikageuka kumjibu, kidole kikabaki kwenye kitufe. Chungu cha pili sasa kina machozi mawili marefu. Nimekigeuzia ukutani.

Wiki ya tatu. Hakuna lengelenge hata moja, nakagua kila asubuhi. Ila vyungu vimefungwa pande zote, havipumui tena: siku ya tisa baada ya kumwagilia, nilichomeka kidole nikakuta udongo bado mbichi, na majani ya chini ya mshubiri yamelegea. Nimeuhamishia kwenye chungu kipya kisicho na rangi. Chenye machozi nimekipa mnanaa, wenyewe unapenda maji.