Dakika Kumi na Tano za Max

Nilipomaliza gemu la Life Is Strange sikusita hata kidogo. Unacheza kama Max, na mwishoni unaambiwa uchague: umwache rafiki yake Chloe afe, au mji wote wa Arcadia Bay usombwe na dhoruba. Nilimwokoa Chloe. Yeye na Max wakapanda gari, wakapita katikati ya vifusi bila kusemezana, na gemu likaishia hapo.

Gemu ni la 2015. Mwishoni mwa 2018 Titan Comics wakaanza kutoa mwendelezo wake kwa katuni, tena wakashika mwisho uleule niliouchagua mimi. Nilifurahi kama aliyeshinda kesi. Waliomtoa Chloe kafara walinuna, wala siwalaumu.

Nilisoma toleo la kwanza miezi minne baada ya kumzika dada. Nilikuwa nimemuuguza mwaka mzima. Msibani sikutoa chozi, nilihesabu viti, na watu wakanisifu kwamba nina moyo.

Nilitarajia mapenzi na safari. Nikamkuta Max anaishi na Chloe huko Seattle, amempata aliyemtaka, lakini hatulii. Nikafunga katuni. Nikaifungua tena.

Kwenye gemu Max ana shajara, nadhifu, imejaa picha na vibandiko. Nilikuwa nairuka kila mara. Usiku ule nikachukua daftari, nikatega saa ya simu dakika 15. Kipimo hicho ni cha Pennebaker, mwanasaikolojia wa Marekani: katika utafiti aliouchapisha na mwenzake 1986, wanafunzi waliandika yaliyowaumiza dakika 15 kila siku, siku 4 mfululizo. Walioandika tukio pamoja na hisia zao walijisikia vibaya zaidi pale walipoweka kalamu chini. Hilo nililisahau.

Dakika kumi nzima nilimwandika Max! Mwandiko wenyewe kama kuku kaparua. Halafu, sijui ilitokea wapi, nikaandika: Usiku aliokufa dada nililala fofofo.

Saa ikalia, nikaizima.

Usiku wa pili niliandika mstari mmoja tu: Aliniita, nikajifanya sijasikia. Nikalia kwa sauti, kamasi hadi kwenye daftari, mpaka mama akaja kugonga mlango.

“Mwanangu, kuna nini?”

Nikalisukuma daftari chini ya mto.

“Gemu tu, mama.”

Hakuondoka mlangoni. Nilikiona kivuli cha miguu yake pale chini, muda mrefu.