Babu Mudiri: khati, mipaka na bei ya khiyari

Kwa wanaouliza mradi wa Babu Mudiri umeishia wapi: haujafa. Masika yote nimekaa ndani na lile kasha la khati zake, yaani hati za kuuziana mashamba, na kazi imesogea, ingawa imenifikisha pahala ambapo baadhi ya jamaa wangependa nisifike.

Kwa wageni, kwa ufupi. Babu huyu ni baba wa babu yangu, mtu wa Wete, Pemba, mwenye mikarafuu Mtambwe na Ole. Ujanani alikuwa wakili wa kuwasemea watu mbele ya kadhi, kisha serikali ya Sultani ikampa umudiri, yaani utawala wa sehemu ya wilaya. Mudiri wa zama hizo hakuwa wa kupiga mihuri tu. Alikuwa na mahakama yake ndogo ya kusikiliza madeni, ng'ombe walioingia shambani na ugomvi wa mipaka. Alipostaafu akaingia siasa. Ninachotaka ni kuyapanga maisha hayo mwaka kwa mwaka na kuyachora mashamba yake kwenye ramani.

Ramani ndiyo iliyonitoa jasho. Khati nyingi zimeandikwa kwa herufi za Kiarabu, na Maalim wangu wa chuo cha Kurani ndiye anayenisomea zile ambazo wino umekwajuka. Humo hutakuta eka. Shamba linatajwa kwa idadi ya mikarafuu na minazi, halafu mipaka minne: kibla (kaskazini) shamba la wakfu, suheli (kusini) bonde la mpunga, matlai (mashariki) njia ya kwendea pwani, maghribi shamba la fulani bin fulani. Huyo fulani kafa zamani na mikarafuu yake pia. Isitoshe, kwetu miti ni mali mbali na ardhi ni mali mbali; khati moja inauza mikarafuu tu, na udongo unabaki kwa mwenyewe. Sasa hiyo utaichoraje? Nimeamua kutumia rangi mbili, moja ya miti na moja ya ardhi, na zinapolingana sawa, zisipolingana naacha hivyo hivyo. Ami yangu alinitembeza Mtambwe, mimi na simu natia alama, yeye na fimbo ananionesha. Bonde bado linalimwa mpunga na njia ya pwani ipo. Kwa shamba hilo, mipaka mitatu kati ya minne imekaa vizuri.

Kwa wanaofanya kazi kama hii: tarehe ikiwa imeliwa na mchwa, angalieni fedha. Zanzibar ilitumia rupia hadi mwisho wa 1935, na 1936 ikaingia shilingi ya Afrika Mashariki, rupia moja kwa shilingi moja na nusu. Khati ikitaja rupia, iweke kabla ya hapo. Kwa hila hii nimeshapanga karibu nusu ya kasha.

Na baada ya kuzipanga ndipo yakatoka yale ya khiyari. Mwenye shamba akihitaji fedha kabla ya mavuno, ya kuwalipa wachumaji au ya harusi, na riba ni haramu, aliuza shamba kwa bei ya khiyari. Analiuza kwa bei ya chini, na anabaki na haki ya kulikomboa ndani ya muda waliokubaliana. Muda huo wote hatoki shambani, ila anamlipa mnunuzi ijara, yaani kodi. Muda ukipita hajakomboa, shamba limekwenda. Wadai wakubwa wa siku hizo walikuwa wafanyabiashara wa Kihindi, na mwaka 1934 serikali ikatunga sheria kwamba shamba la Mwarabu au Mwafrika lisihamie kwa mtu asiyekuwa wa makundi hayo bila idhini.

Babu Mudiri sheria hiyo haikumgusa, maana alikuwa wa ndani ya makundi hayo. Khati zake za khiyari zilizoandikwa kwa rupia ni za kuhesabu kwa vidole. Za shilingi, yaani za baada ya sheria hiyo, ni bunda zima. Tulivyolelewa sisi, mzee alikuwa mwadilifu, mlango wake haufungwi, hali cha mtu. Huenda ni kweli, na khiyari ilikuwa halali kwa kadhi na kwa serikali. Lakini wawili kati ya waliomuuzia wametajwa pia katika karatasi za mahakama yake ya umudiri kama wadaiwa. Hakimu aliyemwamuru mtu alipe deni, na mnunuzi aliyempa fedha za kulipia, ni mtu mmoja. Mimi hilo silipiti kimya.

Ami nilipomwambia, alinyamaza kwanza, kisha akasema, "Mwanangu, haya mtu hayaandiki. Mzee hana wa kumjibia."

"Ami, nitaandika na hayo mema yake."

"Utayaandika, lakini watu watasoma haya."

Namheshimu sana Ami na bila yeye ramani isingekuwepo, lakini hilo bunda limo na litabaki humo. Nilichokubali ni kutotaja majina ya waliouza.

Sehemu ya siasa ni fupi, karatasi ni chache. Alikuwa upande wa Mohamed Shamte, kiongozi wa chama cha ZPPP (Zanzibar and Pemba People's Party), na kuna daftari lake la uchaguzi wa Januari 1961, ule ambao ASP (Afro-Shirazi Party) ilipata viti 10, Hizbu (chama cha ZNP) 9 na ZPPP 3. Ya Chake Chake, ambako ASP ilishinda kwa kura moja, ameipigia mistari miwili kwa wino mwekundu. Viti vitatu vya chama chake vikagawika, viwili kwa Hizbu na kimoja kwa ASP, ikawa 11 kwa 11 na uchaguzi ukarudiwa Juni. Baada ya hapo daftari halina kitu.

Mapinduzi ya 1964 yalimkuta hai. Mashamba yakachukuliwa na baadaye yakakatwa eka tatu tatu. Sasa nataka kujua lile la Mtambwe walipewa akina nani, na kama wamo wajukuu wa wale waliouza kwa khiyari. Sheha, kiongozi wa serikali wa hapa kijijini, ameniambia wazee wawili waliokuwepo siku ya kukatwa bado wapo, ila mmoja anakaa kwa mwanawe Unguja. Nitaanza na wa hapa, karafuu zikishaanikwa, kwa sababu sasa hivi hakuna mtu Mtambwe mwenye nafasi ya kuzungumza na mimi.