Jinsi tulivyomaliza kesi ya deni kwa hati ya maridhiano

Mteja wangu wa mbao, niliyemdai mahakamani, alikiri deni, akabishia kiasi. Kesi ikawa ya kuahirishwa tu. Tukakaa na mawakili, tukaandika hati ya maridhiano: kiasi, tarehe za awamu, akaunti, gharama kila mtu abebe zake. Nilichong'ang'ania ni hiki: akiruka awamu moja, salio lote linadaiwa papo hapo.

Tuliiwasilisha mahakamani. Kwa Tanzania ni Amri ya XXIII, kanuni ya 3 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai. Hakimu akairekodi, ikawa hukumu na tuzo, yaani amri rasmi ya mahakama. Sasa asipolipa sifungui kesi mpya, naomba mahakama itekeleze hukumu hiyo. Karatasi ya kusainiana dukani isingenipa hilo. Awamu ya kwanza imeshaingia.