Nimepanda treni hadi Dresden kuona nyambizi iliyozama Kiel

Mwenzenu nilijua ipo Kiel, si ndo ilikozama, kumbe ipo Dresden, upande wa pili kabisa wa Ujerumani! Nauli ikauma, stesheni choo cha kulipia, chai ya maji moto na kijifuko kimoja cha majani bei ya sahani ya wali maharage Mwanza. Basi tuyaache.

Makumbusho ya jeshi ni makubwa ila mi nilikwama kwenye chuma kimoja tu, nyambizi yenyewe, jina lake Brandtaucher, mita nane hivi, kama mtungi mkubwa. Ndani palikaa watu watatu, Wilhelm Bauer aliyeibuni na wenzie wawili, Witt na Thomsen, hao wawili ndo injini yenyewe, wanakanyaga gurudumu kwa miguu. Hela ya kuijenga ilibanwa, matangi ya maji ya kuizamisha yakafutwa, maji yakaachwa yatembee tu sakafuni. Sa tarehe 1 Februari 1851 wakazama bandarini, maji yote yakakimbilia nyuma, ikaenda chini kwa matako.

Mlinzi mmoja mzee akaniona nimeduwaa, Kijerumani changu cha kuombea maji lakini akanielewesha kwa mikono. Anasukuma mfuniko hewani, haufunguki, maji ya nje yameukalia. Bauer akawaambia wenzie tufungulie maji yaingie, wakamwona kichaa, nani afungulie maji na yeye anazama? Ila maji yakiingia yanaibana hewa iliyobaki mpaka inasukuma sawa na maji ya nje, hapo mfuniko unaachia. Wakakaa masaa kama sita kwenye baridi ile ya Februari, huku walioko juu wanahangaika na minyororo, Bauer anaogopa wasije wakaharibu mfuniko. Mwisho ukafunguka, wakafyatuka hadi juu wote wazima. Chuma chenyewe kilitolewa 1887.

Mzee kauliza natoka wapi, nikasema Mwanza, sikuendelea. Mei 1996 meli ya MV Bukoba ilipopinduka Ziwa Victoria baba mdogo alikuwa kwenye mtumbwi pale, anasema walikuwa wanasikia watu wanagonga ndani. Pakatobolewa ili watolewe, hewa ikatoka yote, meli ikaenda nayo.

Nikamtumia baba mdogo picha na maelezo marefu. Akajibu nikiwa kwenye treni ya kurudi: "Na wa nje nani aliwaambia wasitoboe?"

Hakuna baba, nikamwandikia. Wa ndani walijitoa wenyewe.