Simocyon wangu: tumefika kwenye mkono

Haya wakuu, apdeti ya Simocyon. Kwa waliochelewa, natengeneza sanamu ya Simocyon batalleri, robo ya saizi yake halisi, ndani waya wa kufungia na magazeti na gundi ya mbao, juu yake pati ileile mafundi bodi wanayozibia mabonde ya magari. Huyu mnyama alishapotea, aliishi Hispania kama miaka milioni 9 iliyopita, na kwenye familia yao aliyebaki hai ni panda mwekundu tu, yule wa Himalaya na China mwenye mkia wa pete pete. Panda mkubwa mweusi na mweupe simhesabu, yule ni dubu, ila ataingia kwenye stori mbele huko kwa sababu ya dole gumba.

Kiwiliwili na kichwa tayari. Kichwa kilinipa raha sana kukichonga maana ukisikia tu "ndugu yake panda" akilini inakuja sura ya kitoto, mashavu mviringo, kakiumbe ka kukumbatia, wakati huyu alikuwa na ukubwa wa puma, yule paka mkubwa wa Marekani, na taya la kazi. Panda mwekundu wa leo ana kilo 3 mpaka 6 hivi na anashinda anatafuna mianzi, huyu mwenzake alikuwa mla nyama. Premola (meno yaliyo kati ya chonge na magego) za mbele kwake ni ndogo sana au hazipo kabisa ila ile ya nne imebaki kubwa na imara, kwahiyo nimemwacha mdomo wazi kidogo ili jino hilo lionekane. Uso mfupi, shavu zito la misuli, basi. Dogo wa jirani kapita akaniuliza "Anko, huyo ni fisi au mbwa?" nikamwambia wala fisi wala mbwa, ukitaka ndugu zake wa huku kwetu kamtafute nyegere, fisi maji na kicheche, maana ukoo wa panda mwekundu kwenye mti wa wanyama umekaa karibu na hao pamoja na rakuni wa Marekani. Hakuniamini, kaenda zake.

Sasa mkono, na hapa ndipo nilipotaka kufika tangu nianze huu mradi.

Kwa miaka mingi Simocyon alijulikana zaidi kwa fuvu, taya na meno, kwahiyo mtu akitaka kumchora mwili alikuwa anabuni. Kilichobadilisha mambo ni kilima kimoja kusini mwa Madrid, Cerro de los Batallones, walikuwa wanachimba sepiolaiti pale (ni udongo wa madini, matumizi yake mojawapo ni ule mchanga wa choo cha paka, nacheka kila nikikumbuka) na mwaka 1991 mifupa ikaanza kutokea. Eneo la kwanza, Batallones-1, lilikuwa shimo ardhini, mtego wa asili: mnyama anaingia kufuata mzoga au maji, kutoka hawezi, na harufu yake inamwita mwingine, naye hatoki. Ndiyo maana karibu mifupa yote ya wanyama wakubwa pale ni ya wala nyama, swala na wenzao kidogo mno, wakati porini hesabu huwa kinyume. Mle ndani ilitoka mifupa ya mwili wa Simocyon, mikono ikiwemo, na mwaka 2006 watafiti Manuel Salesa, Mauricio Antón, Stéphane Peigné na Jorge Morales wakatangaza kwamba huyu jamaa alikuwa na dole gumba la bandia.

Hilo dole siyo kidole kweli. Vidole vyake vitano viko vilevile, hili la sita ni kamfupa ka kwenye kifundo cha mkono upande wa gumba, sesamoidi, ambako kwa wala nyama wengi ni kadogo tu hakana kazi kubwa, kwa panda kakakua mpaka kanasaidia kushika. Panda mkubwa analo, panda mwekundu analo, na wote wawili wanashikia mianzi, ndiyo maana zamani ilikuwa rahisi kudhani wamerithi pamoja. Halafu anatokea Simocyon, mla nyama, mianzi haimhusu, na kamfupa kake kanafanana na ka panda mwekundu! Maana yake kwenye ukoo huu dole lilianza kwa ajili ya kupanda miti, kukamata matawi, mianzi ikaja baadaye sana ikakuta kifaa kipo tayari. Panda mkubwa, yule dubu, akatengeneza la kwake kivyake. Mimi hii ndiyo naipenda kuliko chochote kwenye mnyama huyu, na ndiyo iliyoniamulia pozi.

Maana nilikuwa na machaguo mawili, chini amesimama kwenye mzoga au juu ya mti. Nimechagua mti. Kwenye lile shimo kulikuwa pia na Machairodus, paka meno-jambia mwenye mwili wa simba, na Promegantereon wa saizi ya chui, na Magericyon wa kundi lile wanaloita mbwa-dubu, sasa wewe una ukubwa wa puma na majirani ndio hao, chakula ukikipata wanakuja kukunyang'anya, kukimbilia juu ni akili. Kwahiyo nimekata tawi la mpera lenye pacha nzuri, mguu wa nyuma umekanyaga gogo, mkono wa kushoto umefumbata tawi jembamba, na dole la bandia linaonekana kwa anayesimama upande wa mbele. Nimelijenga kwa kipande cha waya mnene nilichokikunja kikaegemea mifupa ya kifundo, juu pati nyembamba, halafu msasa laini. Makusudi nimelifanya fupi na nene, lisitokeze kama kidole, maana kwenye ngozi lingeonekana kama uvimbe wa kiganja tu. Mkono wa kulia nauacha bila ngozi kabisa, mifupa wazi mpaka kwenye kiwiko, ili ubishi uishe.

Bado rangi. Huko mtandaoni wengi wanampaka wekundu na barakoa nyeupe usoni kwa sababu ya ndugu yake, mimi siafiki sana, manyoya hayakubaki kwenye mwamba na wekundu ule unampendeza panda kwenye miti yenye kigoga chekundu (vimea vidogo laini vinavyoota kwenye magome) kule milimani. Nitamweka kahawia iliyofifia, tumbo jeusi kidogo, mkia pete za mbali mbali ambazo hazipigi kelele. Manyoya yenyewe nataka katani, nimejaribu kipande kwenye bega kimekaa vizuri ila nyuzi ni nene mno kwa robo saizi. Mwenye kujua wapi Dar wanauza katani iliyochanwa laini kabisa, siyo ile ya kamba, anishtue kabla sijaanza mgongo.