Chupa ya maji usiku wa mgao

Mwaka 2011 ulikuwa mwaka wa giza. Maji yalipungua bwawani Mtera, mgao wa umeme ukawa mkali nchi nzima, na sisi wa Mafinga, wilayani Mufindi, tulijua umeme umerudi kwa kusikia misumeno ya mjini ikianza kulia. Nilikuwa karani kwenye yadi ya mbao kando ya barabara kuu ya Mbeya. Kazi yangu ilikuwa kuhesabu. Lori likipakia, mimi naandika: mbili kwa nne ngapi, mbili kwa sita ngapi, moja kwa nane ngapi. Mbao zilitoka mashambani zikiwa zimepasuliwa na zile mashine ndogo tunazoziita dingdong, zinazomwaga vumbi utadhani ndilo linalouzwa. Mtu mwenye pumu tangu utotoni hakupaswa kukaa pale hata saa moja. Lakini ndiyo kazi iliyokuwepo, na kodi ya chumba haingoji.

Pumu yenyewe nilikuwa nimeizoea. Mfukoni sikukosa inhela ya bluu, ile ya salbutamol. Kifua kikianza kupiga miluzi, navuta, natulia kidogo, naendelea kuhesabu. Kwa miaka yote hiyo nilipita hospitali za serikali na za binafsi, na mambo yalikuwa yaleyale: unaeleza, unaandikiwa, unaenda dirisha la dawa, unapewa boksi, unaambiwa "ukibanwa, vuta". Wanaofuata kwenye foleni ni wengi. Hakuna hata mmoja aliyewahi kuniambia: hebu vuta nikuone.

Julai ya Mufindi anaijua aliyeilala. Kuna asubuhi majani yanaamka meupe kwa baridi. Nyumbani kwa dada, nilikokuwa nakaa, jioni jiko la mkaa lilikuwa linaingizwa ndani, na wiki ile mafua yalikuwa yameshapita kwa watoto wote kabla ya kunifikia mimi. Kwa hiyo nilikuwa na vumbi mchana, moshi jioni, na mafua juu yake.

Usiku ule niliamka nikiwa nimeshakaa kitandani, mikono imekandamiza magoti, mabega yamepanda mpaka masikioni. Nilipuliza inhela, nikapuliza tena, mpaka ikawa inatoa upepo mtupu. Dada akaleta mafuta ya habasoda, akanisugua kifuani na mgongoni huku akisoma sala zake. Yeye alikuwa anauliza maswali, mimi najibu neno moja, napumzika, natafuta la pili. Shemeji hakusubiri neno la tatu. Alitoka na kandambili, akaenda kumgongea jirani mwenye Fuso. Wakanipandisha mbele, katikati yao, vioo vimefungwa, gari zima linanuka dizeli na utomvu wa msindano.

Kituo cha afya tulichokimbilia kilikuwa na mwanga wa chemli moja. Tabibu wa zamu alikuwa mzee, koti la sufu juu ya koti jeupe, kofia ya kusukwa kichwani. Niliinua mkono wa shikamoo, akanikatiza. "Acha salamu, binti. Hesabu mpaka kumi."

Nilifika nne.

Mashine ya mvuke, ile ya kuvutisha dawa, ilikuwepo pale mezani, imefunikwa kitambaa cha mshono wa msalaba kama redio ya sebuleni, lakini mashine inataka umeme. Alinichoma sindano ya haidrokotisoni, kisha akamgeukia shemeji. "Kwenye gari kuna chupa ya maji? Ile ndogo, ya nusu lita."

Shemeji alidhani mzee ana kiu.

Chupa ilipoletwa, nesi aliimwaga, akaikung'uta, akapasha ncha ya mkasi juu ya chemli. Kwenye kitako cha chupa akatoboa, akapanua taratibu, huku akipima kwa mdomo wa inhela: bado, bado, sasa. Plastiki ilinuka kuungua. Akaichomeka inhela mpya kwenye lile tundu, ikakaa sawasawa, akazungushia plasta ili hewa isivuje. Shingo ya chupa akaniwekea mdomoni. "Uma kwa midomo, usiume kwa meno."

Tabibu akabonyeza mara moja. Ukungu mweupe ukajaa ndani ya chupa, nikauona kwa macho yangu. "Vuta polepole. Toa. Usiondoe chupa. Vuta. Toa." Baada ya pumzi tano hivi akabonyeza tena. Hakuwa na haraka kabisa, na nadhani utulivu wake ulinisaidia nao. Tulipumzika, tukarudia, tukapumzika, tukarudia. Madirisha yalipoanza kupauka alinihesabisha tena, nikapita kumi bila kusimama, na dada akaanza kulia wakati ambapo hapakuwa na sababu tena ya kulia.

Miaka mingi baadaye nilikuja kusoma kwamba mwaka 1999 madaktari wa Cape Town walichapisha utafiti kuhusu watoto wenye pumu, wakaonyesha kuwa chupa ya plastiki ya nusu lita inafanya kazi vizuri kama spesa ya dukani, kile chombo cha plastiki kinachokaa kati ya inhela na mdomo. Mzee wetu kama aliusoma utafiti huo au alifundishwa na mwenzake, sikumuuliza. Alikuwa anafanya tu.

Asubuhi ndipo aliposema maneno ambayo sijawahi kuyasikia hospitali yoyote. "Sasa shika inhela yako peke yake, bila chupa. Vuta nikuone."

Nikavuta kama nilivyozoea. Akatikisa kichwa. "Hukuitikisa. Hukutoa pumzi kwanza. Umebonyeza, halafu ndiyo ukakumbuka kuvuta. Dawa yote iko ulimini. Nani alikufundisha?"

"Hakuna, daktari."

"Basi huna kosa." Akanifundisha: tikisa, toa pumzi yote, anza kuvuta taratibu ndipo ubonyeze, shikilia mpaka kumi, toa. Akanifanya nirudie mpaka nesi akachoka kututazama.

Kisha akaandika karatasi mbili. Ya kwanza ilikuwa ya prednisolone, vidonge vinane vya miligramu tano kila asubuhi, kwa siku tano. Ya pili ilikuwa inhela nyingine, ya kahawia, beklometasoni, mivuto miwili asubuhi na miwili jioni, kila siku, nikibanwa nisibanwe. Hapo dada akashtuka. "Hii si steroidi, daktari? Si ndizo zile wanazojichubulia?"

Mzee hakumcheka. Alimwambia krimu za kujichubua nyingi kweli zimetiwa steroidi, na vidonge vya steroidi mtu akivimeza miezi na miezi vinamharibu: anavimba uso, sukari inapanda, mifupa inalegea. "Ndiyo maana vidonge nimempa siku tano tu. Viko miligramu 40 kwa siku, vinazunguka mwili mzima. Hii ya kuvuta, kila mvuto ni mikrogramu 100. Kwa siku nzima 400, hata nusu miligramu haifiki. Si dawa ileile, lakini ona tofauti. Tena inaenda palepale penye ugonjwa." Kisha, kwa kuwa alishajua natoka yadi gani, akaniambia pumu ni kama mlango uliovimba masika. Ile ya bluu ni kuusukuma kwa bega: utafunguka leo, kesho umekwama tena. Ya kahawia inaukausha ubao.

Akaongeza neno moja la kuniandaa. "Hii hutasikia kitu ukivuta. Itachukua siku, hata wiki. Usije ukaitupa. Na ukimaliza kuvuta, sukutua maji uteme, la sivyo utaota utando mweupe mdomoni."

Mafinga sikuipata. Tulimpa pesa kondakta wa basi la Iringa, kilomita kama 80, akarudi nayo jioni, risiti imeviringishwa kwenye boksi. Bei yake ilinikata maini: ilikuwa mara kadhaa ya bei ya bluu.

Na kweli sikusikia kitu. Bluu ukiivuta, baada ya dakika chache unajua umevuta. Kahawia ni kama umevuta hewa. Wiki ya kwanza hakuna, ya pili nikawa najiuliza kama nimetupa hela. Nadhani hapo ndipo dawa hii hupoteza watu wake: ni ghali, haikupi raha, na jirani anakuambia ukiizoea huwezi kuiacha. Mimi nilibaki nayo kwa sababu moja tu, niliogopa kurudi kwa yule mzee nikiwa sijaitumia. Mwaka 2019 mwongozo wa kimataifa wa pumu uliacha kabisa kushauri watu wazima na vijana watibiwe kwa ile ya bluu peke yake, bila steroidi ya kuvuta. Nilipousoma nilimkumbuka, maana kwetu alikuwa ameshalisema kwa habari ya mlango.

Mabadiliko niliyaona nikiwa kazini, wala si kwa kifua. Bluu yangu ilikuwa haijaisha. Niliitikisa, nikaona bado nzito, nikarudi nyuma kukumbuka mara ya mwisho niliivuta lini, nikashindwa.

Bosi naye aliona, kwa jicho la bosi. Siku zilipita siombi ruhusa, basi akaniita akasema kwa kuwa nimepona, nihamie shambani nikahesabie magogo palepale dingdong zinapopasulia. Nikamwambia sijapona, nimetulizwa, na hivyo viwili haviendi pamoja. Kama ananitaka huko, aninunulie barakoa ya maana na aongeze mshahara, maana inhela ya kahawia hailipiwi na mtu mwingine. Alifikiri siku mbili. Barakoa akanunua.