Nilivyowafundisha wasichana wa Moshi njia ya Kapteni Koki Mutungi

Shule moja ya wasichana hapa Moshi iliponiomba nizungumze na Kidato cha Nne kuhusu Kapteni Irene Koki Mutungi, rubani Mkenya, sikutaka kuwasomea wasifu. Sifa ya "mwanamke wa kwanza" ikisimama peke yake, msichana hupiga makofi na kurudi bwenini. Kwa hiyo niligawa ubao safu mbili: kushoto maisha yake, kulia masharti ambayo kila hatua inadai.

Kushoto niliandika hivi. Alizaliwa Kenya mwaka 1976, baba yake rubani. Alianza mafunzo Uwanja wa Wilson, Nairobi, akapata leseni ya rubani wa biashara, yaani ya kurusha ndege kwa malipo, Oklahoma City, Marekani. Mwaka 1995 akaajiriwa Kenya Airways, rubani wao wa kwanza mwanamke, na kwa takriban miaka sita hakuwa na rubani mwenzake wa kike. Mwaka 2004 akawa kapteni wa Boeing 737. Mwaka 2014 akawa mwanamke wa kwanza Afrika kuwa kapteni wa Boeing 787 Dreamliner.

Kulia niliweka viwango vya kimataifa. Leseni ya rubani binafsi: umri miaka 17, saa 40 za kuruka, 10 kati ya hizo ukiwa peke yako. Leseni ya rubani wa biashara: miaka 18, saa 200, au 150 kwa kozi ya mfululizo iliyoidhinishwa. Leseni ya rubani wa shirika la ndege, ambayo kapteni wa ndege kubwa lazima awe nayo: miaka 21, saa 1,500.

Hapo kwenye pengo la saa 200 hadi 1,500 ndipo nilipotumia muda mwingi, maana ndipo vijana wengi wanapokwama. Ada imeshalipwa, leseni iko mkononi, na hakuna anayemwajiri mtu mwenye saa chache. Wengine huzitafuta kwa kuwa wakufunzi, wengine kwa kurusha ndege ndogo za watalii aina ya Caravan kutoka Kisongo, ulipo Uwanja wa Arusha, kwenda Serengeti. Tazama miaka ya Mutungi: tangu kuajiriwa hadi ukapteni ni miaka tisa.

Halafu tukafanya hesabu ya Kisongo, maana fizikia ya urubani iko hapa hapa kwetu. Uwanja wa Arusha uko takriban futi 4,550 juu ya usawa wa bahari. Joto la kawaida la kimataifa ni nyuzi 15 usawa wa bahari, na hushuka nyuzi 2 kila futi 1,000. Kwa hiyo Kisongo lingekuwa kama nyuzi 6. Mchana wa Februari likifika 28, limezidi kwa 22. Kila nyuzi iliyozidi huongeza kama futi 120 juu ya mwinuko wa uwanja: 22 mara 120 ni 2,640. Ndege inajihisi iko futi 7,190. Hewa nyepesi hupunguza nguvu ya injini, propela haishiki vizuri, na bawa linahitaji mbio zaidi ardhini kabla ya kuinuka. Ndiyo maana rubani wa ndege ndogo huondoka asubuhi, au hupunguza mzigo. Wanafunzi wengi huzidisha 28 yote kwa 120. Waambie watoe 6 kwanza. Kisha niliwapa Uwanja wa Kimataifa wa Kilimanjaro (KIA), futi 2,932, joto lile lile, wafanye wenyewe. Jibu ni kama futi 5,200, na njia ya kurukia ina urefu wa mita 3,600 hivi, kwa hiyo wakaona wenyewe kwa nini ndege kubwa zinatua KIA.

Kwa wazazi nilikuwa na jambo moja, nalo nalisisitiza kila ninapopata nafasi: cheti cha afya cha daraja la kwanza, kile cha marubani wa kulipwa, kitangulie ada. Mpeleke mtoto kwa daktari aliyeidhinishwa na Mamlaka ya Usafiri wa Anga, apimwe moyo, masikio, macho na uwezo wa kutofautisha rangi. Miwani si kizuizi. Kinachotakiwa ni kila jicho lifike 6/9 (lione kwa mita 6 kile ambacho jicho la kawaida huona kwa mita 9), hata kwa miwani, na awe na jozi ya akiba akiwa kazini. Kiingereza cha redio nacho hupimwa, ngazi ya 4 kwenda juu, na mwenye ngazi ya 4 hurudia mtihani kila baada ya miaka mitatu.